Kanda ya Chewa wa Sidab

Nilipokuwa mdogo Unguja, ndoo yetu ilitumbukia kisimani, akaitwa mtu kuifuata. Akashuka kwa kamba. Mama anachambua mchele, ule wa zamani wenye mawe, siku hizi watu hawajui hata kuchambua, basi mie nikaachwa mdomoni mwa kisima namwita yule mtu, naye haitiki. Alitoka mzima, na ndoo yetu. Lakini tangu siku hiyo mtu akinipotea machoni, situlii mpaka nimwone.

Ndiyo maana sikuwa na raha na kazi ya mpwa wangu. Mtoto wa dada yangu, mtu wa ofisini hapa Maskati. Miaka ya tisini akanunua kamera ya kupigia picha chini ya maji. Mie nna boti Sidab, kijiji cha wavuvi, basi kila Ijumaa asubuhi nampeleka. Anazama na mtungi wa hewa, nabaki nayakodolea mapovu. Yakichelewa, nasoma kila sura niijuayo, na nizijuazo si nyingi.

Kulikuwa na jiwe chini huko, hapo chewa hukusanyika kuzaa, samaki wakubwa, matumbo mazito. Nililipata kwa bahati, sikumwambia mtu ila yeye. Wavuvi hatuambiani mahali. Kila mmoja ana alama zake za nchi kavu: kilima fulani kikikaa juu ya nyumba fulani, basi ndipo.

Mpwa wangu alitaka wavuvi wasitege madema pale, ile mitego ya waya. "Wakiwaona wanavyozaa, mjomba, wenyewe watakubali."

"Wavuvi?"

"Wavuvi."

Akaleta televisheni na video barazani kwa wavuvi, Sidab. Mwanzo wa kanda yumo yeye botini, juu ya jiwe, anavaa miwani ya kuzamia, kamera kaitegesha mwenyewe. Kisha chewa. Watu wakasogea karibu. Nikaanza kupumua. Mzee mmoja akasema, "Rudisha mwanzo, mwanangu."

"Chewa ndio hawa, mzee."

"Nataka kukuona wewe, unavyopendeza na miwani!"

Wakacheka, naye akacheka, akarudisha. Nikamwona mzee kafumba jicho moja. Miwani haitazami. Nyuma ya kichwa cha mpwa wangu kuna kilima, chini yake msikiti mweupe, vimekaa sawasawa, alama zangu zile zile.

"Zima," nikamnong'oneza.

"Mjomba, ngoja, wanapenda!"

Ijumaa ya pili tukakuta maboya yametapakaa juu ya jiwe. Akazama. Mapovu yakachelewa, sura zikanipotea kichwani. Alipotoka akashika ubavu wa boti.

"Wamo?"

"Wamo. Ndani ya madema."

"Yafungue basi!"

"Mali za watu, mjomba."

Pwani yule mzee alikuwa anawapanga chewa kwenye barafu. Akamwita kwa furaha, wala si kwa ubaya, "Bwana miwani! Lini tena sinema?"

Mpwa wangu akauacha mtungi botini, na kamera, akapita katikati ya wavuvi anachuruzika maji mpaka garini. Nikadhani kaenda kubadili nguo. Nikamtilia chai. Gari ikaondoka. Sidab hajatia mguu tena.