Makaburi Niliyojenga kwenye Kiwanja Changu

Walionipotezea kiwanja changu cha Majengo ni watatu: mwongozaji wa filamu, jirani yangu, na mwenyekiti wa wazee wa mtaa. Majina sitaji. Hapa Mpanda ukisema tu "yule wa kamera", kila mtu anajua unamsema nani.

Mimi ni fundi wa kujenga, shule niliacha darasa la nne. Miaka ile ya tisini mwongozaji alirudi kutoka Dar es Salaam na kamera ya video ya kubeba begani, akasema anatengeneza filamu bila kumtegemea mtu. Maana yake alitutegemea sisi wote. Nilimgeuzia ghala la mahindi likawa hospitali, kwa chokaa na shuka mbili tu. Mama mmoja akaleta mtoto mwenye homa, akakaa kwenye benchi kusubiri daktari. Basi mwongozaji akanipa cheo cha msanifu wa mandhari. Kichwa kikavimba.

Filamu ya pili ilitaka makaburi mawili ya zamani. Penye makaburi ya kweli wenyewe walimfukuza. Nikasema kiwanja changu kipo, hata msingi sijachimba. Nikapanga mawe, nikapiga saruji, nikasimamisha misalaba ya mbao kuukuu. Yaling'aa kama ya jana, kwa hiyo nikayapaka uji uliochacha na kuyamwagilia wiki tatu, mpaka yakaota ukungu wa kijani. Wasukuma waliokuwa wakipitisha ng'ombe pale wakahamisha njia. Nilijisikia raha sana.

Jirani ndiye aliyeigiza mjukuu wa marehemu. Alilia juu ya kaburi mpaka mwongozaji akasahau kuzima kamera. Tukampigia makofi, na mimi nilipiga kuliko wote.

Nilitaka kuyabomoa jioni ile ile. Mwongozaji akanizuia, eti kuna kipande cha kurudia mvua zikiisha. Akapanda treni, mvua zikaisha, na zingine zikaja zikaisha.

Siku niliyoshusha matofali, jirani alikuja akasimama katikati ya kiwanja.

"Fundi, unataka kujenga juu ya babu yangu?"

Nikacheka, nikajua anakumbushia filamu. Yeye hakucheka.

Tukaenda kwa wazee. Karatasi ya kiwanja sikuwa nayo, kama wengi wakati ule, na kwetu aliyezika ndiye mwenye ardhi. Nikaeleza habari za filamu. Mwenyekiti akauliza mkanda uko wapi. Nikatuma ujumbe kwa mwongozaji kwa mtu wa treni, jibu likarudi kwamba alikosa mkanda mpya, akarekodia harusi juu ya ule ule. Waliopiga makofi nao wakasema kilio wanakikumbuka vizuri, ila mambo ya ardhi hawaingilii.

Nikasema basi kaburi la huyo babu lichimbwe. Hakuna aliyegusa jembe, nikachimba mwenyewe, saa nne asubuhi, mtaa mzima umesimama unaangalia. Nikafika kifuani. Udongo mwekundu, mgumu, tangu dunia iumbwe haujaguswa. Nikatoka shimoni nimeshinda kesi.

"Mmeona nyie wenyewe? Hamna mtu humu."

Jirani akapiga magoti, akachungulia ndani, akaanza kulia kilio kile kile cha kwenye filamu.

"Mifupa ya babu umeipeleka wapi?"

Watu wakarudi nyuma. Mwanamke mmoja akamvuta mwanaye mkono. Mwenyekiti akanisogelea, akaniuliza kwa upole, kama mtu anayemuuliza mgonjwa anaumwa wapi: "Kijana, sema tu. Ulimuuzia nani?"

Hapo kesi ya kiwanja ilikuwa imekwisha, imeanza ya uchawi. Na mchawi mtaani kwetu hakuwa anasubiri hukumu. Vijana wawili walishaokota matofali, matofali yangu mwenyewe. Dada yangu mkubwa akaninong'oneza nyuma ya shingo: "Kubali kiwanja si chako, tuondoke wazima."

Nikakubali. Nikasema nilikosea mpaka, na mifupa nadhani ilishageuka udongo zamani. Mwenyekiti akaridhika, akaamua nilijenge kaburi kama lilivyokuwa.

Nilifanya kazi siku mbili. Jirani alikuwa ameleta kigoda, amekaa kivulini ananisimamia. Nilipofika kwenye msalaba akainamisha kichwa upande, akaufikiria.

"Uinue kidogo, fundi. Babu alikuwa mrefu."

Nikauinua.