Mgongo wa Mama Pindo

Katika mtaa ule, mtu akitaka gauni la kumkaa sawasawa alikwenda kwa Mama Pindo, na mtu akitaka kujua kwa nini fulani ameshindwa jambo alikwenda hapo hapo. Mwanamke huyu alikuwa na macho. Aliweza kumtazama mteja akiingia mlangoni na kumwambia, kabla hata ya kushika futi, kwamba bega lake la kushoto limeshuka kuliko la kulia, na kwamba hilo ni la kuzaliwa nalo, si kosa la fundi aliyetangulia. Jina lake alilipata kwa sababu ya pindo za nguo zake, ambazo uzi wake haukuonekana. Wala hakuwahi kuzaa mtoto aitwaye hivyo.

Umri wake ulikuwa umekaribia hamsini alipoingia vitani. Aliyemwingiza ni wifi yake, dada wa mumewe, muuguzi wa zahanati ambaye watu wote, hata nduguze wa tumbo moja, walimwita Nesi. Siku moja Nesi alikuja na simu akamwonyesha mchezo: jozi hamsini za watu wasiojuana, kila mmoja yuko kwao, wanashushwa katika mji uliohamwa, wanaokota silaha na dawa ardhini, kisha wanapigana mpaka ibaki jozi moja. Mama Pindo alisema mchezo huo ni wa wahuni. Baada ya wiki mbili alikuwa akiuliza kila alasiri kama Nesi ametoka kazini.

Kilichomteka hasa hakikuwa vita, bali marudio. Mchezo ule ulihifadhi kila pambano, na aliyetaka aliweza kulitazama upya, akalipunguza mwendo, akalisimamisha, na kwa kugusa jina la mchezaji yeyote akamfuata kwa nyuma kama kivuli, aone alipokwenda na alipokosea. Kwa mtu wa macho, hiyo ilikuwa karamu. Kila adhuhuri, pasi ikipoa na wateja wakipumzika majumbani, Mama Pindo aliegemeza simu kwenye kopo la vifungo, akagusa jina la wifi yake, akamfuata hatua kwa hatua. Aliyoyaona aliyaandika katika daftari la vipimo, kwa kuwa ndilo lililokuwa karibu. Ndiyo maana mteja mmoja, mwalimu wa hesabu, aliposomewa vipimo vyake alisikia: "Kifua arobaini, kiuno thelathini na sita, anakimbia mbele bila kusema." Mwalimu alitafakari kidogo, akakiri kwamba hata mkewe amewahi kumlalamikia hivyo.

Lakini elimu yote hiyo haikuzaa ushindi. Walianza daraja la tano, wakashuka mpaka la saba, na sasa walikuwa wakilichungulia la nane. Jumatatu moja Nesi alipita dukani akasema neno lililomkosesha Mama Pindo hamu ya chai. Msimu mpya ungefunguliwa Jumamosi, na jozi ikishajiandikisha haivunjiki kwa miezi mitatu. Mfamasia wa pale zahanati, msichana aliyefika daraja la pili, alikuwa amemwomba Nesi wacheze pamoja.

"Sijamjibu," alisema Nesi. "Ila wifi, tunapigwa kila siku kama ngoma, na mimi sijui kwa nini. Wewe unajua?"

"Najua sana."

"Basi Alhamisi nikitoka zamu nakuja unionyeshe. Ukinionyesha kitu cha maana, tunajiandikisha. Usiponionyesha, usije ukaninunia."

Jambo hilo halikuwa dogo. Mume wa Mama Pindo alikuwa mpimaji wa ardhi, mtu mwema asiye na kifani, lakini maneno yake ya siku nzima yangeenea katika kisanduku cha kiberiti. Nesi akiondoka, jioni zingebaki za huyo bwana na cherehani, na kati ya hao wawili cherehani ndiyo iliyokuwa na mazungumzo. Alijaribu kumtafuta awe shahidi. "Baba, dada yako si hukimbia mbele?" Mume alimaliza kukunja suruali yake ndipo akajibu: "Mimi hupima mipaka ya mashamba. Ya mtu na wifi yake sikusomea."

Alhamisi Nesi aliingia, akavua viatu vyake vyeupe vya kazini, akaketi kwenye kigoda cha wateja. Mama Pindo alikuwa tayari, daftari limefunguliwa, pambano la Jumapili limesimamishwa mahali penyewe. Aliliachia. Nesi wa kwenye kioo akachomoka ukutani, akavuka barabara mbio, akapigwa risasi na watu wawili waliokuwa dirishani.

"Unaona? Umekimbia, hukusema."

"Nilisema twende."

"Kusema twende si kusema."

"Sawa. Na wewe ulikuwa wapi?"

"Nyuma yako."

"Nyuma wapi? Hapa nyuma yangu naona pipa tu."

Nesi akanyoosha kidole, akagusa jina la pili. Hapo ndipo Mama Pindo alipotambua kwamba katika masomo yake ya mwaka mzima na zaidi, jina hilo hakuwahi kuligusa hata mara moja. Hakuona haja. Yeye mwenyewe si alikuwapo?

Kioo kikaonyesha mgongo. Mtu mwenye kofia ya chuma alikuwa ameinama. Akainuka, akapiga hatua mbili, akainama tena.

"Huyu anayepalilia ni nani?" aliuliza Nesi.

Mama Pindo alisogeza uso karibu na kioo.

"Wifi, unafanya nini hapo?"

"Naokota."

"Nini?"

"Bendeji."

"Ulikuwa nazo ngapi?"

Idadi ilikuwa imeandikwa pembeni mwa kioo, hivyo kukana kusingefaa. "Kumi na nne."

"Sisi leo zahanati nzima tulikuwa nazo tisa," alisema Nesi.

Walifungua mapambano mengine matano. Katika kila moja Nesi aliita, Nesi alianguka, na nyuma yake mwenzake alikuwa ameinama kwa bidii. Katika mojawapo Mama Pindo alirudi ndani ya nyumba kufuata kofia ya chuma, hali ya kwamba nyingine alikuwa ameivaa.

Aliyeshona miaka ishirini na saba hakipiti kitu kidogo kilichoanguka. Siku yake ya kwanza ya kufundishwa kazi aliambiwa kwamba pini iliyoachwa sakafuni itaokotwa na unyayo wa mtoto wa mteja, na tangu hapo mkono wake ulijifunza kushuka wenyewe, bila kuomba ruhusa kichwani. Mkono huo huo ndio aliokwenda nao vitani.

"Ungeniambia," alisema mwishowe.

"Ningejuaje? Mimi nilikuwa mbele, nakufa."

Mama Pindo akalifunga daftari taratibu. "Nenda kwa mfamasia wako," alisema. "Ningekuwa wewe, ningekwenda." Aliyasema bila kununa.

Nesi akatoa simu yake mkobani. "Cheza moja kwanza. Sasa hivi. Na usiokote kitu."

"Hata risasi?"

"Chukua bunduki na risasi za kuanzia, basi."

Wakashuka katika ule mji. Bendeji ya kwanza Mama Pindo aliipita kama mtu anayepishana njiani na jirani waliyekosana. Ya pili ilimtoa jasho. Penye sanduku la dawa lililoachwa wazi alisikika akisema kwa unyonge, "Jamani, jamani," lakini miguu haikusimama. Watu walipofyatua risasi kutoka dirishani, kwa mara ya kwanza Nesi hakuwa peke yake barabarani. Waliokuwa dirishani ndio walioanguka. Jozi zikapungua, zikabaki ishirini, kumi, sita. Hapo Nesi akajeruhiwa.

"Wifi, nipe bendeji."

"Sina."

"Hata moja?"

"Si umenikataza?"

Wakafa hapo hapo, wote wawili, nafasi ya sita. Kabla ya siku hiyo hawakuwahi kuivuka ya ishirini. Nesi alicheka mpaka akashika meza ya kukatia, na mteja aliyefuata suruali yake akabaki mlangoni, asijue kama awaamkie au awape pole.

Nesi alijifuta macho, akafungua ukurasa wa kujiandikisha. "Bendeji mbili," alisema. "Ukizidisha, nahamia kwa mfamasia, kuwe na mkataba au kusiwe."

"Nne," alisema Mama Pindo, ambaye tangu aanze biashara hakuwahi kulikubali neno la kwanza la mtu.

"Mbili, wifi."

"Nne, na sirudi kwenye nyumba tuliyokwisha kutoka."

Walipatana tatu. Nesi akaandika majina yote mawili, na mteja wa suruali akaombwa arudi Jumatatu, kwa kuwa Jumamosi fundi angekuwa kazini.