Mkunjo wa Nyuma ya Jiko la Irine

Tomaso ananitia kinyaa. Nasema hivyo nikiwa jirani yake hapa Susuni, tunatenganishwa na migomba yangu tu, na siku ya harusi yake ugali wa wageni niliusonga mimi.

Kazi yake ni mikunjo. Tangu ardhi ya huku ianze kujikunja, mahali pawili palipo mbali pakawa panakutana kama pembe za kanga, watu wa namna yake wanatafutwa sana. Alisomea Musoma. Akifika, huning'iniza timazi, ule uzi wa mafundi wenye kipande cha chuma nchani. Likisimama wima, hapo pako sawa. Likiinama, kuna umbali umemezwa, na kadiri linavyoinama ndivyo ulivyomezwa mwingi. Kisha hutafuta kingo kwa kamba, kwa sababu kamba ikipita juu ya ukingo hulegea yenyewe hata uivute vipi. Baada ya hapo ana dawa mbili. Akipigilia nondo kuzunguka kingo na kuzifunga waya, mkunjo hutulia, watu wakapita humo miaka nenda rudi. Akiongeza nondo moja katikati ya mdomo, mkunjo hunyooka na kila mahali hurudi kwake.

Kazi anaijua, simnyimi haki yake. Ila mtu mwenyewe! Akija kwangu hupangusa kiti kwa leso kabla ya kukaa. Maziwa ya kibuyu hanywi. Ng'ombe akinya karibu naye, anatema mate, yeye aliyekuzwa akilala na ndama. Nyani haoni kundule.

Masika ya mwaka juzi mkunjo ulitokea nyuma ya jiko la Irine, mke wake. Ukipita mdomo wake, unajikuta Busawe, Serengeti, mlangoni kabisa pa mzee Magige, baba yake Tomaso. Kwa barabara ni safari ya kutwa, magari mawili na bodaboda. Mzee aliishi huko peke yake tangu afiwe na mkewe, akakataa kuliacha kaburi. Alikuwa na kisukari, na kidonda mguuni.

Kilichotangulia kupita humo ni harufu. Ilifika mpaka kwangu, harufu ya nyama iliyosahauliwa kwenye mfuko. Tomaso alisukuma sahani yake akatoka nje. Irine akaifuata ilikotoka.

Kwetu mzee na mke wa mwanawe hawasogeleani. Haingii chumbani kwake, hata mkono hampi. Irine alilijua hilo, kwa hiyo aliweka uji kizingitini na kugeuka. Lakini mzee alikuwa hawezi tena kuinama kuufikia mguu, na mabuu yalikwisha kuingia. Mwishowe mzee akajifunika blanketi kichwa kizima.

"Mimi sikuoni," alisema. "Na wewe osha mguu wa mtu usiyemjua."

Ikawa hivyo kila asubuhi, maji ya vuguvugu yenye chumvi, mabuu akiyatoa kwa kijiti. Nilimsaidia kuchemsha maji, na nakiri nilikuwa naziba pua. Muuguzi wa kule alisema ukioshwa kila siku mguu utapona. Ukiachwa, utaoza na mwenyewe ataondoka nao. Nyama nyekundu ilianza kuonekana.

Tomaso alipogundua, badala ya kushukuru aliita wazee.

"Mke wangu anamshika baba," aliwaambia. "Mila inakataa. Naunyoosha mkunjo."

Mzee Kisyeri, aliyeongoza kikao, alimtazama. "Inakataa, kweli. Sasa mura, wewe kijana, si uoshe mwenyewe? Mwana wa kiume hajakatazwa mguu wa tata, baba yake."

Tomaso alikwenda na glavu zake mbili. Hakuvuka hata mlango. Alitapika pale pale kizingitini, na baba yake chini ya blanketi akasikia kila kitu. Nililia kwa hasira siku hiyo.

Irine akamsihi, akimwita kwa jina la mtoto wao, wajina wa babu yake. "Basi utulize tu, Baba Magige, usiunyooshe. Nitatafuta mtu wa huko aoshe, mimi nipeleke chakula."

"Harufu itabaki," akajibu.

Asubuhi yake nikasikia nyundo. Nilipofika jikoni nondo za kingo zote alikuwa amekwisha kuzipigilia, amebakiza ile ya katikati. Ng'ambo Irine alikuwa amechutama mbele ya mguu, mtoto mgongoni.

"Toka," Tomaso akamwambia. "Imebaki moja."

"Nikitoka nani atamwosha?"

"Irine, napiga."

Alikamua kitambaa, hakuinua hata uso. "Piga."

Akapiga. Ua wote ukavutika kama mkeka unaokung'utwa, na nyuma ya jiko ikarudi migomba yangu.

Tomaso alimngoja arudi kwa gari. Mwezi ukapita, mingine ikafuata. Gari lipo kila asubuhi, lakini kumfuata hakwenda. Alisema magari hayo yananuka. Badala yake aliwaita wazee tena. Mke ametoroka, alisema, kwa hiyo baba yake Irine arudishe ng'ombe wa mahari. Alisema hivyo bila haya, miguu ameikunja pamoja ili suruali isiguse vumbi.

Kisyeri alipiga simu Busawe, akaweka spika. Mzee Magige alisikiliza mpaka mwisho.

"Ng'ombe hao walitoka zizi la nani?" akauliza.

Tomaso alipooa hakuwa na hata ndama.

"Langu," mzee akasema. "Wa kuwadai ni mimi, na mimi sidai. Binti waliyemleta yupo hapa, mjukuu yupo, na mguu ninao."

Tukadhani amemaliza. Kisyeri alikuwa anatafuta pa kubonyeza akate, sauti ikarudi.

"Mwambieni mwanangu kidonda kimefunga. Hapa hapanuki tena, anaweza kuja."