Nilivyolipua Ghala la Kamba

Nilipojiunga na mafunzo ya mgambo Ifakara, nilikuwa nimechoka kuhamahama na vibarua vya msimu. Mwenye ghala la mpunga Lipangalala aliniahidi kazi ya ulinzi nikipata cheti. Kila siku nilimsumbua afande kwa maswali, mpaka nikaamini hakuna mtego nisioujua.

Zoezi la mwisho lilikuwa la kuigiza. Kamba nne zilizozungushwa uwanjani ndizo zilikuwa ghala, nami nililinda mlango kwa bunduki ya mti. Tuliambiwa adui anaweza kuja kwa sura yoyote. Akaja mzee mmoja, mvuvi wa Kivukoni, amejitwika mfuko, anahema.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Nipokee basi, shingo inauma."

Nikampokea, nikauingiza mfuko ndani ya kamba. Afande akapuliza filimbi.

"Ghala limelipuka! Na bomu umelibeba mwenyewe, profesa!"

Ndani ya mfuko mlikuwa na matofali mawili. Wenzangu walicheka hadi wakakaa chini.

"Sasa afande, mzee wa watu ningemwacha na mzigo?"

"Ungemkagua kwanza. Cheti utakifuata mwakani."

Mwenye ghala hakusubiri mwakani, aliajiri mwingine wiki ileile.

Siku ileile ya zoezi, nikirudi nyumbani, nilimkuta mzee njiani, amejitwika mfuko uleule, sasa una mchele wake.

"Walinikataza kukuambia, mwanangu."

Bado nilikuwa na hasira. Lakini mzigo nilimpokea tena, nikaubeba hadi kwake.