Nanga Haipigwi Kimya

Redio yetu ya chuo hupiga muziki wa klasiki kutwa nzima. Hapa Bukoba watu hututania, wanasema ni redio ya kubembelezea wagonjwa. Waache waseme. Mimi nimekaa pale miaka tisa, na kuna asubuhi ukungu hupanda kutoka ziwani ukaziba dirisha, fidla zinalia taratibu, nami nasahau kama nipo kazini au ningali kitandani kwetu Muleba, naota.

Siku moja mkuu wa kituo alisema tutafute na klasiki ya kwetu, tuirekodi, tuihifadhi. Nikamleta baba, ambaye kwa Kihaya namwita Tata. Tata ni mpiga nanga, ule ubao mrefu uliochimbwa kama beseni, nyuzi zimekazwa juu yake. Huupakata akiimba habari za watawala na mashujaa wa kale. Vidole vyake vilikuwa vimeanza kukakamaa. Alikwishaniambia kwamba mvua za vuli zikiisha ataitundika nanga ukutani, hataigusa tena. Kwa hiyo ilikuwa siku hiyo au basi.

Nilikuwa na hofu nyingine, nayo niiseme. Tangu niende kusomea muziki wa Wazungu, Tata aliamini kwamba nimeudharau wake. Hakuwahi kunigombeza. Alinyamaza tu, na ukimya wa baba wa Kihaya, jamani, afadhali bakora.

Nikamkalisha studio, nikamwekea maikrofoni, nikamweleza kuwa humo hakuna kukohoa wala kusogeza kiti. Nikatoka, nikakaa na mkuu upande wa pili wa kioo. Akaanza. Nyuzi zilisikika kama mvua inayoanza kudondoka kwenye migomba, nami nikaanza kuelea. Mara akaacha.

"Kuna mtu huko?"

"Tupo, Tata. Endelea."

Akaimba kidogo, akaacha tena. Mara ya tatu alikunjua kitambaa chake, akaanza kuifunga nanga.

"Naimbia ukuta," alisema. "Twende nyumbani."

Mkuu akaninong'oneza kwamba mzee amechoka. Amechoka wapi. Mjinga nilikuwa mimi. Kwetu mpiga nanga akimtaja shujaa, waliokaa humwitikia, humchochea, humuuliza kisha ikawaje. Asipoitikiwa, anajua wamelala, naye haimbii waliolala. Miaka yote chuoni nilifundishwa kwamba kusikiliza ni kunyamaza, na sasa nilikuwa nimemfungia baba yangu ndani ya ukimya huohuo.

Nikaingia, nikavua viatu, nikaketi sakafuni mbele yake. Akaifungua nanga. Alipotaja jina la kwanza nikaitika kwa Kihaya. Alipokaribia penye vita, nikamtangulia kuutaja mto ambao shujaa angeuvuka. Akanitazama, lakini vidole havikusimama. Sijui tulikaa muda gani. Nakumbuka mwanga wa alasiri ukitembea ukutani, na mimi nikijihisi mtoto wa darasa la kwanza na mtu mzima kwa wakati mmoja, na nyuzi zikiendelea kudondosha sauti zake, na mimi nikiitika, nikiitika.

Tulipomaliza, mkuu aliingia akitabasamu.

"Imetoka vizuri mno, mzee wangu. Hiyo sauti ya binti tutaiondoa kwenye kompyuta, ibaki yako tu."

Tata aliinuka polepole, nanga kwapani.

"Ukimtoa huyu, nitoe na mimi," alisema. "Peke yangu mimi ni mzee anayejisemea. Huyu anaujua wimbo wote."

Mkuu akakubali. Jumapili tulirushwa hewani wawili, kama tulivyokuwa. Lakini mimi nakumbuka zaidi pale studio. Maneno hayo, kwamba naujua wimbo wote, Tata hakuwahi kuniambia, na hata siku ile alikuwa akimwambia mtu mwingine. Nikalia mbele ya mkuu wangu wa kazi, wala sikujali.