Shingo ya Zimwi

Mwanzoni mwa miaka ya sabini nilikuwa mtunzi na mtayarishaji wa vikatuni vya watoto katika televisheni, Kampala. Cheo kilikuwa kikubwa kuliko kazi. Nilikata watu na wanyama kwa karatasi ngumu, nikaunga viungo vyao kwa uzi, nikawasogeza kidogo kidogo chini ya kamera, picha moja baada ya nyingine. Siku nzima ilinitosha kulitoa zimwi mlangoni na kulifikisha jikoni. Mtunzi nilikuwa mimi, mchoraji mimi, mwenye mkasi mimi.

Televisheni za wakati ule zilijaa chenga, kwa hiyo nilijiwekea kanuni: kila mhusika atambulike kwa umbo lake tu, hata uso usipoonekana. Sungura masikio, mfalme kitambi.

Hadithi ya zimwi jike linalowavizia watoto mtoni nilipewa na mama mkubwa, dada ya mama yangu, huko Kyarumba. Alinisimulia akimenya mihogo, mimi nikimchora daftarini. Alikuwa na rovu, ule uvimbe wa shingo ambao wanawake wengi wa milimani walikuwa nao, na hapo kijijini hakuna aliyeutazama mara mbili. Alipoona penseli inakwenda, aliingia ndani kubadili kitambaa cha kichwa.

“Unichore vizuri,” alisema. “Nisionekane mzee.”

Katika hadithi yake zimwi lilikuwa na ukucha mmoja mrefu. Kwenye kioo cha televisheni ukucha haukuonekana hata kidogo. Nilifungua daftari, nikaitazama michoro yangu, nikachukua mkasi. Baada ya muda mfupi zimwi lilikuwa na shingo ya mama mkubwa, na lilitambulika hata ukiwa upande wa pili wa chumba. Nakumbuka nilipiga mluzi.

Mwaka uliofuata nilipewa ruhusa ya kuionyesha filamu kwetu. Nilikwenda kwa treni hadi Kasese, kisha kwa lori kupitia Kikorongo hadi Bwera, projekta mapajani. Kwenye ukumbi wa shule, madirisha yakiwa yamezibwa kwa mablanketi, nilimkuta mama mkubwa kwenye kiti cha mbele. Sikuwa nimemwalika. Alikuwa ameteremka mlima kwa miguu kutoka Kyarumba, amevaa kitenge kipya, na njia nzima alikuwa amewaambia watu kwamba hadithi ni yake.

Nilikuwa na nafasi ya kumnong’oneza. Nikajishughulisha na nyaya.

Sungura alichekwa vizuri. Kisha zimwi likaingia. Mfanyabiashara mmoja wa vitenge, mtu wa Beni, ng’ambo ya mpaka, akapaza sauti mlangoni:

“Eh, mama! Banakuonyesha mu sinema!”

Ukumbi ulilipuka. Watoto walijishika shingo, wakaimba, “Zimwi ya Kyarumba! Zimwi ya Kyarumba!” Mama mkubwa hakugeuka. Alivuta kitenge taratibu mpaka chini ya kidevu, akakishikilia hapo hadi filamu ikaisha.

Watu walipotoka alinijia nikikunja nyaya.

“Mwanangu, zimwi nililokupa lilikuwa na shingo hiyo?”

“Hapana, mama.”

“Nani kaiweka?”

“Wachoraji, mama. Wachoraji wa Kampala.”

“Wako wangapi?”

“Watatu,” nikasema. Sijui kwa nini watatu.

Alifikiri. “Basi ni vijana. Hawajaona watu.”

Asubuhi, kabla lori halijaondoka, alinifuata akiwa na mfuko wa maharage kichwani. Aliutua miguuni pangu, akanishika mkono.

“Wape hao watatu. Wapike pamoja, wagawane sawa. Na uwaambie kwa upole, wasije wakakasirika wakakufukuza kazi: zimwi lina ukucha.”

“Nitawaambia, mama.”

Yalikuwa maharage mazuri, yamechambuliwa, hayana hata jiwe moja. Niliyala peke yangu chumbani Kampala, karibu mwezi mzima, na filamu iliendelea kuonyeshwa kama ilivyokuwa.