Kibaba Kilichobaki

Watu wa Kabiria walimjua Muchiri kama mtu asiyependa kutangulia njiani. Mkitoka naye kanisani angesimama kando, ajifanye anafunga kamba za viatu, awaache mpite wote, kisha afuate nyuma kabisa. Na hapo nyuma, ambako hakuna mtu, bado angegeuka kutazama.

"Unamngoja nani, Baba Gichuru?" mkewe Wanjira alimuuliza mara nyingi tu.

"Simngoji mtu."

Uongo mtupu. Alikuwa akimngoja Zadock Oloo, mpagazi aliyemwacha mlimani mwaka wa hamsini na moja. Nami nitalieleza jambo hili lilivyokuwa, maana nimechoka kuwasikia watu wakiliongezea chumvi.

Muchiri alikuwa nyapara wa wapagazi katika kampuni ya mzungu mmoja, ofisi yake katikati ya jiji la Nairobi, kichochoro kimoja nyuma ya Msikiti wa Jamia. Mzungu mwenyewe wapagazi walimbatiza Bwana Saa, kwa kuwa hakuweza kumaliza maneno mawili bila kuchomoa saa mfukoni. Kazi yake ilikuwa kuchukua wageni watatu au wanne kutoka Ulaya, kuwapandisha milima isiyo na barabara, walale kwenye mahema, waone mawingu yakipita chini ya miguu yao, halafu kuwateremsha kwenye vijiji vya wenyeji wakapige picha vikongwe na vibuyu. Ati wameiona Afrika. Haya. Mpagazi naye alipewa blanketi moja, na kibaba kimoja cha unga kwa siku.

Muchiri aliijua kazi, hilo hata adui yake angekubali. Lakini alikuwa na kawaida yake moja: hakuhesabu watu. Marehemu baba yake alimkanya tangu utotoni kwamba ukimhesabia mtu watoto wake, au hata mbuzi wake, umewaita waje wapunguzwe. Ndiyo mila ya kwao. Na Muchiri, pamoja na ubatizo wake na Biblia yake, hakuthubutu kuivunja. Basi kila asubuhi kabla ya kuondoka kambini alihesabu mizigo. Kila mzigo una kichwa chini yake, sivyo? Mizigo ikitimia, watu wametimia. Kwa miaka minane hesabu hiyo haikumwangusha.

Safari yenyewe ilikuwa ya milima ya Cherangani. Wageni watatu, wapagazi kumi. Zadock alikuwa mmoja wao, Mjaluo wa Seme, mrefu, mwenye domo la utani. Gunia la unga alilolibeba liliisha siku ya nne, akabaki mikono mitupu. "Leo mimi ndiye mgeni," akawaambia wenzake. "Nani atanibebea kofia?" Walicheka mpaka Bwana Saa akawakemea.

Kesho yake asubuhi, mahema yakikunjwa, mama mmoja wa kizungu akakumbuka kwamba darubini yake ameiacha juu ya jabali walikokwenda kutazama jua likichomoza. Bwana Saa akatazama saa. Muchiri naye akatazama nani hana mzigo.

"Zadock, kimbia ukailete. Utatukuta hapa hapa."

"Haya, nyapara wangu," Zadock akasema, akaenda zake akipiga mluzi.

Ukungu ukashuka. Si ule wa Limuru unaouona ukasema utapita, la, ukungu wa kukufanya usione mkono wako. Baridi kali, wageni wananung'unika, Bwana Saa anapiga kelele kwamba saa mbili imekwisha kupita. Muchiri akapita kwenye mstari akigusa mizigo kwa fimbo. Moja, mbili, mpaka tisa. Mizigo ilikuwa tisa, na yote tisa ilikuwa vichwani. "Tayari, bwana," akasema, wakateremka.

Alimsahau? Hilo ndilo lililomla miaka yote iliyofuata. Alijiambia kwamba yule atawafikia, ana miguu mirefu. Halafu mgeni mmoja akateguka kifundo, ikabidi abebwe, vurugu tupu, na Zadock akamtoka akilini kabisa.

Jioni walipiga kambi kando ya kijiji cha Wamarakwet. Muchiri akafungua gunia jingine akaanza kugawa unga. Kila mpagazi alileta sufuria yake, akapimiwa, akaondoka. Mwishowe Muchiri akajikuta ameshika kibaba kilichojaa, amenyoosha mkono, na mbele yake hakuna mtu.

"Nyapara!" Bwana Saa akaita. "Mtu moja hapana iko. Wapi yeye?"

Muchiri akafungua mdomo aseme, nilimtuma mimi, tumemwacha, turudi. Wallahi alikuwa anasema. Lakini yule mama akawahi kuuliza darubini yake iko wapi, na Bwana Saa akajijibu mwenyewe: "Mwizi! Yeye naiba, nakimbia!" Nyapara aliyekuwapo kabla ya Muchiri alifukuzwa kwa kupoteza hema. Hema tu! Sasa aliyepoteza mtu?

"Ndiyo, bwana," Muchiri akasema. "Ametoroka."

Maneno matatu. Walirudi Nairobi nayo kwenye lori, yakaandikwa kwenye karatasi, na polisi wakaenda kupekua chumba cha Zadock huko Kawangware, wakimwaga mpaka maharagwe ya mkewe sakafuni wakitafuta darubini.

Mke huyo aliitwa Peres. Alikuwa dobi kwa Wahindi wa Parklands, mwanamke wa maneno machache, na alikuwa na binti mdogo, Lornah. Kila mwisho wa mwezi alikuja kusimama mlangoni pa ofisi, kitambaa kimefungwa vizuri kichwani.

"Shemeji, hakuna habari?"

"Hakuna, Mama Lornah."

"Asante."

Asante! Muchiri alitamani Peres amtukane. Maana Peres hakuja kwa ajili ya mshahara. Kwao Wajaluo, mtu akifia mbali na mwili usipatikane, huzikwa tunda refu zito la mti wanaouita yago, likawekwa kaburini mahali pake, akaliliwa kama wafu wote, na mjane wake akajulikana kuwa ni mjane. Lakini mtoro haliliwi. Mwizi aliyekimbilia kwa mwanamke mwingine hazikiwi tunda. Basi Peres hakuwa mke wala mjane. Hakuweza kulia, hakuweza kuolewa, hakuweza hata kuingia boma la wakwe zake bila kuulizwa alimfanya nini mtoto wa watu hata akamkimbia. Neno moja la Muchiri lingemfungua. Muchiri alilijua hilo vizuri, na neno halikutoka.

Naye Zadock akaanza kuja. Angekuja usiku ungesema ni ndoto, lakini alikuja mchana kweupe. Muchiri akitembea Barabara ya Ngong kutoka mjini, alisikia miguu mirefu nyuma yake. Akisimama, nayo inasimama. Kwenye kila safari mpya, alipogawa unga, mkono wake wenyewe ulipima kibaba kimoja cha ziada, kisha ukabaki hewani. Wapagazi wakawa wanatazamana. Nyumbani aliketi mezani na Wanjira na watoto, na macho yake yakazunguka vikombe, yakarudi, yakazunguka tena. Aliomba kwa Mungu, na ombi lake lilikuwa la aibu: kwamba Zadock awe kweli ameiba, awe kweli ametoroka, awe mahali fulani amenenepa na mke wa pili.

Hali ya hatari ilipotangazwa, mdomo ukafungwa kwa kufuli. Mkikuyu asiye na kazi Nairobi alikuwa ni wa kupakiwa kwenye lori apelekwe kizuizini. Kwenye msako mkubwa wa hamsini na nne walimzoa pamoja na wengine, wakamketisha kwenye vumbi la Lang'ata, mikono kichwani, na askari akapita akiwahesabu watu kwa fimbo, moja, mbili, tatu. Muchiri alifumba macho. Barua ya Bwana Saa, iliyosema huyu ni nyapara mwaminifu, ndiyo iliyomtoa siku ya nne. Sasa mtu huyo akamwambie Bwana Saa kwamba si mwaminifu? Angewaacha watoto na nani? Mimi simtetei. Nasema tu ilivyokuwa.

Mwaka wa hamsini na nane safari za Cherangani zikafunguliwa tena. Wageni walikuwa wanne. Njia ilikuwa ile ile, na siku ya tano wakateremka kijiji kile kile, chenye kuta za mawe na mifereji ya maji inayoshuka ubavuni mwa mlima. Wageni wakaanza kuingia nyumba hadi nyumba na picha zao. Ghafla mzee mmoja wa kizungu akatoka kwenye nyumba ya bibi kizee aliyeitwa Kobilo, anacheka, anawaita wenzake waje waone: juu ya mlango, kati ya vibuyu na pembe, imening'inia darubini ya Ulaya, kioo kimoja kimepasuka.

Wageni walipiga picha.

Walipoondoka Muchiri alirudi na mkalimani, mwalimu wa misheni, akauliza imetoka wapi. Kobilo akaeleza bila haraka. Miaka ile, juu kule kwenye ukungu, sauti ilisikika ikiita. Iliita siku mbili. Wao walijua mlima una wenyewe, na sauti ya huko haijibiwi, kwa hiyo hakuna aliyekwenda. Siku ya tatu ikanyamaza. Baadaye wafuga mbuzi wakamkuta mtu chini ya jabali, mguu umevunjika, darubini shingoni. Wakamfunika kwa mawe. Kitu chake yeye Kobilo akakitundika mlangoni, ili mwenyewe akija kukitafuta asihangaike kuingia ndani.

"Anauliza kama wewe unaweza kumwambia jambo," mkalimani akasema. "Ile sauti ilikuwa ikisema neno moja tu. Muchiri, Muchiri. Anataka kujua ni kitu gani, muchiri."

Lo! Muchiri alilia pale pale, mtu mzima, mbele ya mwanamke asiyemjua. Kobilo akainuka, akaitungua darubini, akamtundika shingoni bila kudai kitu. Kabla ya lori kuondoka Muchiri alipanda mlimani akaonyeshwa yale mawe, akaongeza jiwe moja, akashindwa kuomba.

Alipofika Nairobi hakupita ofisini wala hakwenda nyumbani Kabiria. Alishuka kwenye lori Dagoretti Corner, akamwambia dereva, Kivuva, ampelekee Wanjira salamu kwamba huenda leo akachelewa, na huenda asiwe na kazi tena. Kisha akaenda kwa miguu Kawangware. Ilikuwa Jumapili alasiri. Peres alikuwa uani anasuka nywele za Lornah, ambaye sasa alikuwa msichana mkubwa.

"Karibu, shemeji. Habari ya huko?"

Muchiri hakuketi. Alisema yote akiwa amesimama: gunia lililokwisha, jabali, mizigo tisa, kibaba, neno alilomwambia mzungu. Akasema mumewe hakuiba na hakutoroka. Akasema mahali alipolala. Akaiweka darubini kwenye kigoda.

Peres hakuigusa. Alimaliza msuko aliokuwa ameushika mkononi, akaufunga mwisho wake kwa uzi.

"Siku mbili," akasema.

"Siku mbili, Mama Lornah."

"Na akikuita wewe."

"Mimi."

"Mimi nilikuwa naye miaka sita. Alijua sina njia ya kufika kule," Peres akasema polepole. "Wewe alijua utarudi." Halafu akasema, "Mama yake amekufa mwaka jana. Mama mkwe wangu. Aliwaambia wanawe hata mtoro huyo akirudi, wasimwonyeshe kaburi lake. Alikufa amemkasirikia mwanawe, shemeji. Hayo utamwambia nani sasa?"



Ndipo Peres akainuka, akavua kitambaa kichwani, akaweka mikono juu ya utosi, akapiga nduru. Alikuwa ameizuia miaka saba. Milango ya vyumba vyote vya ploti ile ikafunguka, wanawake wakaja mbio na unga mikononi, wanaume wakaacha bao, wapagazi wawili wa kampuni waliopanga pale wakatoka na fulana. Muchiri akarudi nyuma, akitafuta pa kupita. Peres akamkamata mkono. Alikuwa na nguvu, mikono ya kukamua mashuka.

"Nani amekufa?" watu wakauliza. "Mama Lornah, ni nani?"

"Muulizeni huyu," Peres akasema, "atawaambia yeye."

Muchiri akawatazama wote.

"Ni Zadock Oloo," akasema. "Alivunjika mguu mlimani. Nilimtuma mimi, nikamwacha."

"Pole, pole sana, jamani," mwanamke mmoja akasema, tayari akijifunga leso kiunoni aanze kulia na mwenzake. "Amekufa lini, baba? Jana?"